Bawabu wa Filamu Bubu

Lenny alikuwa mwigizaji. Kama ulikuwa na shaka, yeye mwenyewe angekueleza mpaka shaka ikuishe. Ni kweli mshahara wake ulitokana na kulinda mlango wa jengo moja la ofisi pale Oud Metha, Dubai, na sare aliyovaa ilikuwa ya askari, lakini hayo aliyaita mambo ya tumbo. Moyo wake ulikuwa kwenye filamu bubu za Yasir.

Yasir alikuwa Mshami mwenye nywele timtim, aliyeshikwa na wazimu wa filamu za kale, zile nyeusi na nyeupe ambazo watu hufumbua midomo na sauti haitoki. Siku moja alikuja kupiga picha kwenye ukumbi wa jengo lile. Kiti cha Lenny kikavunjika mguu, naye akaenda chini kwa madaha, kama mtu anayeanguka kwa hiari yake. Yasir akaacha alichokuwa akifanya. "Anguka tena," akamwambia. Tangu hapo kila Ijumaa, siku yake ya mapumziko, Lenny alikuwa na kazi ya kuanguka. Aliigiza mwizi wa kuku, akaigiza bwana harusi aliyekimbiwa. Kufikia mwaka wa 2008 Wakenya wenzake wa mtaa wa Karama walikuwa wakimnyooshea kidole njiani, na yeye akijua amenyooshewa hupunguza mwendo ili wamwone vizuri.

Kazi yenyewe haikuwa mchezo. Mwanzoni, alipoambiwa aongee bila kujali sauti, Lenny alihesabu moja mpaka kumi. Yasir akakasirika. "Khalas, inatosha. Naona uso wa mtu anayehesabu," alisema. "Sema neno la kweli, kwa lugha yoyote. Hakuna atakayesikia, lakini macho yako yatalijua."

Filamu ya tatu ikaja, na humo Lenny akawa bawabu wa tajiri anayepita mlangoni kila siku bila kumtazama. Hapo hakuhitaji mwalimu. Arbab wake wa kweli, bosi wake Sheikhan, mwenye jengo, alipita hivyohivyo kila asubuhi. Salamu unaiweka, haokoti. Basi kamera ilipousogelea uso wake, Lenny akafungulia bomba. Alimsema Sheikhan kwa Kiswahili toka kofia mpaka kiatu. Yasir, asiyejua hata neno moja la lugha hiyo, alitokwa na machozi akasema hiyo ndiyo sinema.

Ulimi hauna mfupa, lakini wahenga walionya pia kwamba usitukane wakunga na uzazi ungalipo. Mwezi haukupita, Yasir akapata mfadhili wa filamu ndefu itakayopigwa jangwani Ras al-Khaimah, na mwigizaji mkuu awe Lenny. Lenny hakulala kwa furaha. Ila mtu wa viza hajiamulii safari. Lazima kafeel, mdhamini wa viza yake, amruhusu, na kafeel ni nani kama si Sheikhan?

"Filamu gani?" Sheikhan aliuliza, macho kwenye simu.

"Njoo uone kwanza hii tuliyokwisha kupiga, sir, ndipo uamue," Lenny alisema. Kisha akatoa karata aliyoiona ya werevu mkubwa. Mama yake Sheikhan, Bi Najla, alikuwa amepoteza uwezo wa kusikia kwa uzee, na kila alipokuja jengoni Lenny ndiye aliyemsukuma kwenye kiti chake cha magurudumu mpaka kwenye lifti. Hawakuwahi kuzungumza. Utazungumza nini na mtu asiyesikia? "Mlete na madam mama yako, sir. Filamu yenyewe haina sauti. Ataifurahia kama sisi sote."

Kwa mara ya kwanza Sheikhan aliinua macho. "Inshallah," alisema.

Siku ya onyesho walikuja. Ukumbi ulijaa, Wakenya wengi wakiwa nyuma, na mpiga piano pembeni. Lenny alikaa na Annah, rafiki yake wa Karama anayefanya usafi katika jengo lilelile. Taa zikazimwa. Uso wake ukatokea ukutani, mkubwa, unang'aa, na Lenny akahisi kifua kimejaa mpaka pumzi inatafuta njia.

Ndipo Bi Najla akacheka. Alicheka peke yake, mahali pasipo na kichekesho.

"Sheikhan, we," alisema kwa sauti ya juu, kama wasemavyo wasiosikia, na kwa Kiswahili cha Unguja kilichonyooka. "Huyu kijana asema salamu zake huziitikii. Na kweli huziitikii."

Lenny alimgeukia Annah. "Kumbe ni Mswahili?" alinong'ona.

"Na anasoma midomo," Annah alisema. "Umekwisha, ndugu yangu."

Bibi hakuwa na breki. "Asema watembea kama aliyemeza mwavuli. Asema mdomo wako huenda umeukodisha kwa mtu." Huko nyuma ukumbi ukapasuka kwa kicheko, watu wakipiga makofi kila akitafsiri. Haijawahi kutokea filamu bubu yenye maneno mengi hivyo. Lenny aliteremka kwenye kiti mpaka akabaki paji la uso. Jangwa la Ras al-Khaimah aliliona likimwaga kwa mkono wa buriani.

Kisha sauti ya bibi ikashuka. "Sasa asema hivi. Miaka yote hii amfungulia mtu mlango, na mtu huyo hajamwuliza jina." Akamgeukia mwanawe. "Jina lake nani, Sheikhan?"

Piano ikanyamaza. Pole pole Sheikhan akageuka, akatafuta gizani, akauliza kwa Kiswahili kilekile cha mama yake, "Jina lako nani, kijana?"

Lenny akasimama. "Lenny, sir. Lenny Musyoka."

"Leni," alisema Bi Najla, aliyekwisha kulisoma midomoni mwake kwa mwanga wa filamu.

Filamu ilipokwisha, Lenny alikimbilia mlangoni kwa mazoea, akaufungua. Sheikhan alikuja akimsukuma mama yake mwenyewe, akasimama mbele yake. Lenny alitazama chini, akingoja kufukuzwa.

"Mama asema filamu ijayo uongee polepole," Sheikhan alisema. "Pale kwenye ngazi maneno yamempita."

"Filamu ijayo, sir?"

"Mwezi mmoja tu huko jangwani, kisha urudi. Usiku mwema, Lenny."

Lenny, yule mwenye maneno ya kujaza ukumbi, alifumbua mdomo, midomo ikacheza, na sauti haikutoka.

Bi Najla alikuwa akimtazama midomo. "Si kitu, mwanangu," alimjibu.