Chama cha Wanahisabati Kimekubali

Katibu wa Chama cha Wanahisabati alifika ghorofa ya saba ya wizara ya elimu akihema, soli ya kiatu cha kushoto imeachia. Lifti mbovu, kama kawaida. Nyuma yake mwenyekiti wa chama, profesa mstaafu, alipumzika kila kona ya ngazi.

Simu ikatetemeka mkobani. Binti wa kaka yake.

"Shangazi, umeshawaambia?"

"Bado, mama. Tulia."

Atulie vipi? Shuleni kwao mwalimu wa hisabati aliondoka, na sasa wizara inataka kila shule isiyo na mwalimu huyo iruhusiwe kulifuta somo lenyewe. Mtoto anataka ufamasia. Bila hisabati, aiage mapema ndoto hiyo.

Ukumbini, kwenye kikao cha kukusanya maoni, wakakalishwa nyuma kabisa, karibu na katoni za maji. Katibu alitikisa mguu, akakunja ratiba, akaikunjua. Wakazungumza wachapishaji wa vitabu, wakazungumza wenye shule binafsi, weee, hawamalizi! Zamu ya chama ilipofika, mkurugenzi wa wizara aliyeongoza kikao akatazama saa.

"Kwa kifupi, Profesa. Waliofanikiwa maishani bila hisabati wapo, au hawapo?"

Jamani, huo si mtego? Katibu akamvuta mzee koti. Lakini mzee yule tangu azaliwe hajawahi kukana jambo la kweli, hata likimchoma.

"Wapo," akasema. "Ukisema 'hakuna', mfano mmoja tu unakuangusha. Ila hilo halithibitishi kwamba..."

"Ahsante sana. Chama kimekubali. Twendeni tukapige picha."

"Sijamaliza!"

"Utamalizia kwenye chai, mzee wangu."

Wakapangwa ngazini chini ya bango: WADAU WAMESHIRIKISHWA. Mzee wa watu akawekwa mstari wa mbele, midomo bado inamalizia sentensi. Katibu alichemka. Kushirikishwa gani huku?

Mpiga picha akampungia. "Mama, sogea, nafasi ipo."

"Ya kusimama ipo. Ya kusema je?" Akamshika mzee mkono. "Profesa, shuka hapo."

"Lakini kweli ni kweli, mwanangu. Wapo."

"Wapo, baba. Si hao uliosimama nao?"

Mzee akatazama kulia, akatazama kushoto. Akashuka.

Simu tena.

"Shangazi, wamesemaje?"

"Wamesema tumekubali."

"Kwani mmekubali?"

Katibu akamshika mzee mkono, wakaanza kushuka ngazi. Nyuma yake mkurugenzi alikuwa akisema, "Sogeeni, mzibe pengo." Waliobaki wakasogea.