Mdomo wa Marehemu Mbele ya Kamera

Mama Rangi, kama majirani walivyomwita, alikuwa amemaliza kumchora marehemu mwanawe asubuhi ile ile watu wa televisheni walipobisha hodi. Picha zote za kijana huyo ziliharibiwa na mafuriko, kwa hiyo alimchora kwa kumbukumbu tu.

"Mdomo ndio ulionitoa jasho," alimwambia mtangazaji wa kipindi cha sanaa, binti aliyekuwa mgeni kazini. "Ulinijia mara moja tu, nikiosha vyombo. Nikakimbia na mapovu mikononi!"

Mtangazaji alicheka huku machozi yakimlengalenga. Walimhoji mama akiwa ameketi mbele ya mchoro. Kisha mpiga picha akasema lile analomwambia kila mchoraji:

"Shangazi, sasa jifanye unamalizia."

"Nimalizie nini, baba? Si imeisha?"

"Kidogo tu. Msanii akikaa kama mgeni wa harusi, watazamaji wanahamia kwenye mpira."

Mama akacheka, akashika brashi kavu.

"Chovya rangi, shangazi. Kavu inaonekana ya kuigiza."

Mama alimtazama mtangazaji. Binti akaitikia kwa kichwa, akitabasamu.

Brashi yenye rangi iligusa pembe ya mdomo kwenye mchoro, ikauharibu. Mama akaganda. Alipofuta kwa kitambaa, rangi ya chini, iliyokuwa bado mbichi, ikafuata. Akajaribu kuurudisha mdomo, ukawa wa mtu mwingine.

"Ameondoka," alisema taratibu.

Mtangazaji alirudi mbio hadi chumba cha kuhariri, akapekua kila kipande cha video, akiutafuta mdomo wa kwanza. Mchoro wenyewe walikuwa wamepanga kuupiga picha mwisho kabisa. Ulionekana kwenye mahojiano tu, nyuma ya mama, tena kwa ukungu, maana mpiga picha hupenda uso wa msemaji ung'ae na vya nyuma vififie.

Akampelekea mama video hiyo hivyo hivyo, kwenye kompyuta. Mama alisogea hadi pua ikakaribia kioo.

"Simamisha hapo, mwanangu."

Kwenye kioo, nyuma ya bega lake, palikuwa na doa la kahawia, na ndani yake kivuli chembamba kilichopinda kuelekea juu, kama pembe ya mdomo.

"Huwezi kuongeza mwanga?"

Binti akaongeza. Kivuli kikayeyuka. Akapunguza haraka, na mama akamshika mkono.

"Basi, basi. Mwache hapo hapo."