Ubora wa Chini Kabisa

Jumamosi saa kumi kasorobo alasiri, Asnath alikuwa kwenye kona ya nne ya mashindano ya magari picha ilipoanza kuganda. Alikuwa amekaa kwenye kigoda kando ya ukuta wa jiko, mahali pekee pa nyumba yao ya Kasense ambapo mtandao unakubali, simu ameibana juu ya pedi ya kuchezea. Hakuacha usukani. Kidole gumba cha kushoto kilifungua mipangilio, kikashusha ubora wa picha kutoka juu hadi wa kati, kikarudi kazini kabla gari halijagusa ukingo. Pembeni yake baba yake, mzee Teodori, alikuwa anachambua maharage kwa kupapasa. Akaokota moja, akaliinua.

"Hili lina doa jekundu," alisema.

Kwa miaka mitatu mzee Teodori hakuwa ameona rangi nyekundu. Asnath alimjibu kwamba ndiyo, mbegu ile ndivyo ilivyo, akaingia kona ya tano.

Maelezo yake si magumu. Mchezo ule haukai ndani ya simu. Unaendeshwa na kompyuta kubwa iliyo mbali, hakuna anayejua wapi, halafu picha zake zinatumwa kwa mtandao, na wachezaji husema mchezo uko kwenye wingu. Asnath alipomweleza baba yake habari hizo mara ya kwanza, mzee alisema hata yeye analo wingu, tena mawili, moja kila jicho. Hospitali wanaliita mtoto wa jicho, lakini yeye aliloliona ni wingu, na hakuelewa kwa nini liwe tofauti na hilo la mchezo. Kweli halikuwa tofauti. Uangavu ambao Asnath aliupunguza kwenye simu ilibidi uende mahali, ukaenda kwa baba.

Walipima kwa wiki nzima. Ubora wa kati ulimpa mzee rangi. Ubora wa chini ulimpa nyuso za watu. Ubora wa chini kabisa, ambao mchezo wenyewe unaonya kwa maandishi ya manjano kwamba haufai, ulimpa namba za nyimbo kwenye kitabu cha kanisani. Asnath aliposhusha na kasi, kutoka picha sitini kwa sekunde hadi thelathini, mzee aliweza kumfuata kuku anayekimbia. Asnath akitoka kwenye mchezo, wingu lilirudi machoni mwa mzee. Kilichowashinda ni ule mpangilio wa kujirekebisha wenyewe. Jumatano moja mtandao ulipata nguvu ghafla, simu ikajipandishia picha bila kuuliza mtu, na mzee, aliyekuwa shambani, akajikwaa kwenye ntumba, yale matuta ya duara ambamo Wafipa hufukia majani yaoze. Alikaa hapo juu ya tuta hadi mtandao ulipodhoofika tena. Asnath aliuzima mpangilio huo siku ileile, akisema mashine isiyomjua baba yake isimpangie.

Lazima isemwe wazi kwamba binti huyu alikuwa fundi. Asubuhi alitengeneza simu za watu mjini, Mazwi, alasiri alirudi Kasense kwa baiskeli, na kuanzia saa kumi hadi jua kuzama aliendesha gari la mashindano ndani ya picha iliyoonekana kama imemwagiwa uji. Barabara ilikuwa doa la kahawia, miti doa la kijani, na mpinzani doa lolote linalosogea. Kona alizijua kwa mlio wa injini. Baba akitaka kuchagua mawe kwenye mchele, aliishusha picha; baba akisinzia, aliipandisha kidogo naye apumzishe macho yake. Yote hayo aliyafanya katikati ya mteremko, kwa kidole kimoja, bila kugonga. Mtu angeteremka hivyo ule mteremko mkali wa Lyamba lya Mfipa kwa gari la kweli, tungempokea chini kwa vigelegele. Kabula, binti wa wafugaji wa upande wa Namanyere, ambaye msimu mzima hakuwa ameshindwa, alishindwa na Asnath mara mbili, akamwandikia kumuuliza anatumia mipangilio gani. Asnath akamtajia yote. Kabula aliijaribu, akadumu sekunde tisa, akarudisha ya kwake. "Dada, nakuvulia kofia," aliandika.

Majirani nao walimsifu kwa namna yao. Walianza kumwita Mtoto wa Jicho, naye aliitika.

Ila Asnath hakuwa na shida ya sifa. Alitaka kitu kimoja tu, kwamba baba yake aone hata pale yeye akiwa kazini, akiugua, au siku akiolewa mbali. Kwa hilo walihitajika wataalamu wa macho, ambao huja Sumbawanga mara moja kwa mwaka, kwa siku tano, na orodha yao hufuata herufi. Adolfu, jirani mwenye ukungu kwenye jicho moja, alitibiwa mwaka wa kwanza kabla ya chai ya saa nne. Mwaka ule waliishia K. Mwaka uliofuata orodha ilianza tena na A, maana akina A hawaishi, wakaishia M. Mwaka wa tatu waliishia R. Nyuma ya Teodori walikuwepo Valeria na Wilibrodi tu, na Wilibrodi alishafariki, ingawa nafasi yake kwenye orodha ilitunzwa vizuri.

Wiki moja kabla ya ujio wa nne alikuja Edwin, mtunza orodha, kuhakiki majina. Ilikuwa saa kumi na moja, Asnath yuko nusu fainali, picha iko chini kabisa, na mzee anakaza mnyororo wa baiskeli. Mtu mwingine angenyamaza akajifanya anapapasa. Lakini mzee Teodori alilelewa Kifipa, na kwake kumwacha mgeni asimame langoni bila kutajwa jina ni sawa na kumfukuza. Aliweka spana chini, akainama, akapiga makofi ya salamu taratibu.

"Karibu, bwana Edwin," alisema. "Umekonda. Na kifungo chako cha pili kimeachia."

Toka alipokuwa hadi langoni ni hatua thelathini. Edwin alimpa shikamoo, akafunga kifungo, akashukuru, akaandika.

Asnath alisikia. Kidole gumba kikapandisha picha hadi juu kabisa, barabara ikang'aa, ikaganda, na gari lake likapitwa na matatu. Wingu likarudi kwa baba. Mzee akaanza kuitafuta kwa viganja spana iliyokuwa mbele ya miguu yake.

"Kaka Edwin, mwangalie sasa," Asnath alisema.

Edwin alimwangalia. Alisikiliza habari yote ya wingu kwa utulivu na hakubisha hata neno. Alisema mama mkwe wake mwenyewe husikia mvua inaponyesha tu, na fomu ya masikio ina tatizo hilohilo.

"Naamini, dada," alisema. "Ila fomu ina anaona na haoni. Nimeshaandika anaona, na kweli ameniona."

Mgeni njoo, mwenyeji apone. Huyu alikuja na kalamu ya wino. Mzee aliuliza, kwa upole, kama anaweza kuandikwa upya kwa jina linaloanza na A. Edwin alijibu kwamba jina lazima lifanane na kitambulisho, akanywa togwa aliyokaribishwa, akaaga. Asnath alikuwa na hasira. Kwa hasira hiyohiyo akaishusha picha tena, akayapita yale magari matatu, akashinda.

Wataalamu walikuja, na mwaka huo, kwa mara ya kwanza, orodha iliisha. Siku ya tano saa sita mchana walimaliza na Silvana. Teodori, kwa kuwa anaona, alikuwa ameshafutwa. Valeria alikuwa amehamia kwa mwanawe, Wilibrodi aliitwa mara tatu hakuitika. Wakafunga vifaa mapema, na saa kumi na nusu magari yao mawili meupe yakapita Kasense. Asnath alikuwa kwenye mzunguko wa mwisho wa fainali, picha kaiweka kwenye ubora wa chini. Mzee alikuwa kasimama na jembe ukingoni mwa barabara.

"Yana maandishi mlangoni," alisema. Akamwomba binti yake amshushie kidogo. Asnath akashusha, naye akasoma kwa sauti, pole pole, kama asomavyo kanisani: "Macho yako, jukumu letu."

Akasema herufi zimeandikwa vizuri sana, na aliyezichora anastahili pongezi.

"Bado unayaona?" Asnath aliuliza.

"Nayaona. Yanakata kona."

"Yatazame, baba," alisema, akaishusha na kasi ya picha hadi mwisho wake, na kwenye simu pakabaki doa moja la kahawia. Mzee aliyatazama magari hadi yakaingia barabara kuu. Asnath akamaliza wa kwanza.