Sauti Iliyobaki Redioni

Kwa miaka ishirini na saba nilisoma habari kwenye redio yetu ya Ngara mjini, na sitajifanya mnyenyekevu: nilizisoma vizuri. Habari za saa saba mchana zikiisha, nilisoma matangazo ya vifo. Huku kwetu mtu hafi mpaka redio iseme. Jirani anaweza kusikia kilio ng'ambo ya migomba yake, lakini jembe haweki chini mpaka asikie tangazo, na mwisho wake: "Msomaji wenu ni mimi, Deodata Nyandwi." Sifa hiyo ilinilevya, nakiri.

Mwaka jana koo likaugua. Nikapasuliwa Mwanza, nikatoka na sauti ya kukwaruza kama sufuria inayokwanguliwa ukoko. Danstan, meneja wetu, hakunitupa. Alikusanya kanda zangu zote za zamani, akailisha kompyuta, nayo ikajifunza kusoma kama mimi. Karatasi ya ruhusa niliisaini mwenyewe. Siku ya kwanza nilipoisikia nilikuwa jikoni namenya ndizi, na mwili ulinisisimka. Ilikuwa inavuta pumzi, pale pale ninapovuta mimi.

Mama yangu, Eustakia, hakuambiwa. Anaishi kijijini Kirushya na Suzan, mke wa kaka yangu. Macho yake yamekwisha kabisa. Kila mchana huweka redio mapajani amsikilize mwanawe. Nilisema namwonea huruma, lakini ukweli ni kwamba nilijionea huruma mwenyewe. Nilimwagiza Suzan anyamaze, na kwa miezi minane sikukanyaga Kirushya. Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua. Nilidhani waliwasema wengine.

Jumanne iliyopita nilikuwa nyumbani, redio iko wazi.

"Mama Eustakia wa Kirushya anasikitika kutangaza kifo cha mwanawe mpendwa, Deodata Nyandwi..."

Nilishika ukingo wa meza. Ilikuwa sauti yangu, yenye ile huzuni niliyoipika mwenyewe miaka yote, ikimtaja kaka aliyeko Biharamulo, ikimtaja shangazi wa Mbuba, bila kukosea hata mmoja. Kisha ikamaliza: "Msomaji wenu ni mimi, Deodata Nyandwi."

Nilimpigia Danstan. Alikuwa anahema. Kumbe kuna fomu iliingizwa bila jina la marehemu wala la wafiwa, na kompyuta ikajaza yenyewe. Ndugu iliwatoa kwenye tangazo la kifo cha baba, nililolisoma mimi miaka kumi iliyopita. Kwa marehemu ikaweka jina ililolisikia kuliko yote.

"Tutasahihisha saa kumi, dada."

"Mama yangu atakuwa hai hiyo saa kumi?"

Simu ya Suzan haikupatikana. Nilipanda bodaboda.

"Pole na msiba," dereva aliniambia njiani. "Unakwenda kwa yule msomaji? Alikuwa anasoma vizuri."

Niliogopa kusema mbele yake kwamba ni mimi, maana hata mimi nilianza kuhisi nakwenda kwenye msiba wa mtu.

Uani kwa mama watu walikuwa wamekwisha kukaa kwenye majani. Walioniona walisimama, na mzee mmoja akafanya ishara ya msalaba. Hakuna aliyenipa mkono. Nilipita katikati yao hadi ndani, alikokaa mama mkekani.

"Shikamoo mama. Ni mimi, Deodata. Sijafa."

"Marahaba. Nani huyo?"

"Ni Deodata kweli, mama," Suzan alisema, machozi yakimtoka.

"Suzan, usinidanganye kwa kunihurumia. Sauti ya mwanangu naijua."

Nilichukua mikono yake nikaiweka usoni pangu. Nimekonda sana tangu upasuaji. Vidole vilipita mashavuni, vikashuka shingoni, vikagusa kovu, vikaondoka haraka.

"Huyu ni mgonjwa," mama alisema. "Mpeni uji."

Nilimtajia jina la baba, siku ya komunyo yangu, mbuzi aliyekula kitambaa chake cha kanisani. Kadiri nilivyopaza sauti ndivyo ilivyozidi kukwaruza, naye akazidi kurudi nyuma hadi ukutani. Mama yangu alikuwa ananiogopa. Nikaangua kilio, na kilio nacho hakikuwa changu.

Saa kumi redio ikazungumza, kwa ile sauti yangu ya zamani.

"Tunaomba radhi. Tangazo la mchana halikuwa la kweli. Deodata Nyandwi yu hai, na ni mzima wa afya."

Mama alipiga vigelegele. Aliikumbatia redio, akaibusu, akailaza shavuni. "Mmesikia? Yu hai mwanangu! Amesema mwenyewe!"

Kisha akanyoosha mkono kunitafuta, akanipapasa begani kwa upole.

"Asante kwa kuja, mama. Msiba haupo tena. Nenda nyumbani ukapumzike."