Jamii ya Diwani Fenna

Ilikuwa imebaki saa moja na nusu tu, na Wietske Terpstra alikuwa hajapata chanzo.

Wahariri wa kamusi elezo ya mtandaoni wa mji wa Westerhuizen hukutana kila Jumamosi maktabani, ghorofa ya pili, kila mtu na kompyuta yake, kahawa moja, biskuti moja. Ni watu wapole, ila weka koma mahali pasipo pake, ndipo utajua hujui.

Safari hii ugomvi ulikuwa juu ya jamii, zile lebo za chini ya ukurasa zinazompanga mtu pamoja na wenziwe. Wietske, mkutubi mstaafu wa miaka sabini na minne, ndiye aliyeandika wasifu wa Fenna Bolhuis, diwani wa mji huo aliyefariki miaka tisa iliyopita. Chini yake akaweka: "Wanasiasa wapenzi wa jinsia moja wa Uholanzi." Kesho yake mhariri mwenzake, Reinder Kuipers, akaifuta. Majadiliano yakafunguliwa, siku saba kama ilivyo desturi, na leo saa kumi na moja jioni yangefungwa.

Reinder hakuwa adui. Alikuwa mwalimu wa kemia, akiishi na mumewe Jelmer na paka wawili, na ndiyo maana hasa alikuwa mkali.

"Sheria ni ileile, Wietske. Awe amesema mwenyewe, hadharani, na iwe imeandikwa mahali. Tukianza kubandika watu lebo kwa fununu, kesho mtu atambandika jirani yake aliyemkosea."

"Si fununu."

"Haya, umejuaje?"

Wietske akanywa kahawa iliyokwisha poa.

Amejuaje! Alijua kwa sababu alilala kitanda kimoja na Fenna miaka thelathini na mmoja. Lakini hilo hakuwahi kumwambia mhariri yeyote, na kwa wahariri hiyo ni dhambi kubwa, kuandika wasifu wa mtu wako bila kutangaza. Majirani walimjua Wietske kama mpangaji wa Fenna. Na hata angesema, isingefaa kitu, maana kumbukumbu ya kichwani si chanzo. Wala kilichomchoma hakikuwa lebo. Alitaka kujua kama Fenna, mwanamke aliyeweza kumfokea meya mpaka chai ikamwagika, aliwahi hata mara moja kumkiri mbele za watu. Kama hakuwahi, basi Reinder alikuwa na haki yake, na yeye Wietske alikuwa mpangaji kweli.

"Nimesoma kumbukumbu za baraza tangu sabini na nane hadi tisini," akasema. "Kikao kwa kikao. Macho yananiwasha kama nimekata vitunguu."

"Zote?"

"Zote. Nimeruka tu ile ya tarehe ishirini Februari, themanini na tano. Nani angekuwa barazani siku ile?"

Reinder akaangua kicheko. Siku ile alikuwa na miaka minane, lakini hakuhitaji kuelezwa. Ulikuwa mkesha wa mbio za kuteleza juu ya barafu kupitia miji kumi na moja, ambazo zilikuwa hazijafanyika kwa miaka ishirini na miwili. Mtu yeyote wa kaskazini atakuapia kwamba siku ile hakuna jambo jingine lililotokea duniani. Waandishi wa habari walishaondoka tangu mchana. Wietske mwenyewe alikwenda, kavaa soksi tatu, akarudi kesho yake sauti imekauka, akamsimulia Fenna mbio zote mwanzo mwisho. Baadaye ndipo akakumbuka kuuliza baraza lilikuwaje. "Refu," akajibu Fenna. "Supu ipo?"

Reinder akaacha kucheka. "Wietske. Akidi ilitimia?"

Wakatazamana.

Kisha mikono yote minne ikawa juu ya kibodi moja. "Sogea!" "Sogea wewe, huu mwaka unauandika vibaya!" Faili likafunguka, kurasa sitini na mbili, zimepigwa chapa kwa wino hafifu. Akidi ilitimia, mtu mmoja juu yake. Ajenda ya nne: je, watu wawili wa jinsia moja waruhusiwe kuandikishwa pamoja kwenye orodha ya waombaji wa nyumba za mji? Miwani ya Wietske ikaingia ukungu, na ikabidi Reinder asome.

"'Diwani mmoja: Hao watu, kama kweli wapo hapa mjini kwetu... Bi Bolhuis: Mheshimiwa Meya, wapo. Mmoja wao ndiye anayesema sasa.'" Reinder akapiga meza. "Kasema! Kasema mwenyewe, bibi wee, tumempata! 'Ninaishi na Bi Terpstra wa maktaba ya watoto, na yeye si mpang...'"

Akageuka polepole.

"Malizia," akasema Wietske.

"'...na yeye si mpangaji wangu. Kelele ukumbini. Bi Bolhuis: Andika hivyo hivyo, katibu, neno kwa neno.'"

Furaha ilimjaa Wietske mpaka akashindwa kukaa. Alisimama, akakaa, akasimama tena. Fenna alisema! Alisema, akangoja mji uchachamae, na mji ukaamka unazungumza barafu. Akarudi nyumbani, akamkuta mwenzake naye anazungumza barafu. Na kwa miaka yote iliyofuata, aliyekuwa akifungua mlango na kuwaambia wageni "mimi ni mpangaji tu" hakuwa Fenna. Alikuwa Wietske.

"Chanzo kinatosha," akasema Reinder kwa upole. "Jamii nitairudisha mimi. Wewe huwezi, unajua."

"Najua. Nipishe niandike."

Akaandika kwenye ukurasa wa majadiliano, dakika ishirini kabla ya saa kumi na moja: "Natangaza kwamba Terpstra anayetajwa katika kikao kile ni mimi. Fenna Bolhuis alikuwa mke wangu, ila karatasi hatukuwa nazo. Nilipaswa kusema zamani." Akabonyeza kitufe cha kuhifadhi.

Reinder akavuta kamasi, akajifanya anatafuta kalamu. "Nikusomee tena?"

"Soma," akasema Wietske. "Kwa sauti. Wasikie na wale wenzetu wa kule dirishani."