Kitanda Kilichobonyea

Mwanaima alifukua ukanda wake wa filamu nyuma ya jiko, akauosha kwenye beseni, akauanika kambani baina ya leso za mama yake. Hiyo ndiyo iliyokuwa kazi yake hapo Msambweni: aliwapiga watu picha, akaufukia ukanda ili udongo uule, kisha akaonyesha kilichosalia. Majirani walimtania kwamba wenzake hupanda mihogo, yeye hupanda sura za watu. Wageni wa hoteli za ufuo wa Galu waliyapenda yale madoa wakayaita sanaa, naye hakuwabishia.

Baada ya magharibi alitundika shuka nyeupe ukumbini, akawasha mashine ya kuonyeshea filamu. Ukatokea ua wao wenyewe, kuku, mtungi, na kitanda cha kamba alichokuwa amekalia nduguye Sefu siku ya kupigwa picha. Kuku walikuwa wazima. Sefu hakuwapo, ila kamba za kitanda zilibonyea kama zimekaliwa.

Kabla ya Ramadhani, Mbarak muuza miwa alitoweka vivyo hivyo kwenye ukanda, na siku chache baadaye gari lisilo na namba likamchukua mlangoni mwa msikiti. Mpaka leo mkewe anazunguka vituo vya polisi na mochari.

"Sasa ni Sefu," alisema mama yao, kama anayetaja zamu ya kuteka maji. "Asubuhi na aende kwa mjomba wake Lunga Lunga."

"Mama, mimi nimemkosea nani?" Sefu aliuliza.

"Na Mbarak alimkosea nani?"

Asubuhi bodaboda ilikuwa inangoja nje. Lakini woga ulimfanya Mwanaima mjinga. Alifikiri akimnasa nduguye kwenye ukanda mpya, atakuwa amemrudisha.

"Keti kidogo tu, Sefu. Nikupige mara moja."

Sefu aliketi kitandani, begi mapajani. Kamera ilikuwa ingali inazunguka walipoingia wanaume wanne.

Ukanda ule Mwanaima hakuufukia. Aliusafisha, akaupeleka kituo cha polisi pamoja na mashine, yeye na mama yake. Afisa mmoja aliwafungia pazia ili waone vizuri. Ukutani wanaume wanne walionekana wazi, sura na mavazi, wameshika hewa, wanaiburuta hewa mpaka garini.

"Hapo nimetoka vizuri," alisema yule aliyefunga pazia.

Mwanaima aliitazama sura yake, kisha ile ya ukutani.

"Mama, sisi hatuwezi kuandikisha hewa," alisema mkubwa wake. "Hapo hakuna mtu aliyechukuliwa."

"Na kitanda, mwanangu? Mbona kimebonyea?"

"Kamba huchoka, mama."

Waliaga kwa adabu wakarudi nyumbani. Uani kamba zilikuwa zingali zimebonyea pale pale. Mama alimimina chai ya Sefu, akaiweka karibu na bonde lile, kisha akaketi ukingoni kabisa mwa kitanda, asije akambana.