Mstari wa Dorika

Brayson ni mwizi, na mtu akiniuliza nitarudia. Ni mwenyekiti wa chama chetu cha ushirika cha viazi tangu kabla sijaolewa hapa Makambako, na miaka yote hiyo wanunuzi wanatubebesha lumbesa, gunia limevimba juu kama mjamzito kwa bei ya gunia la kawaida, na yeye anacheka nao. Mama Dorika aligombea kwa neno moja tu: lumbesa basi. Chamani wanawake tuko wengi kuliko wanaume, na wote tulikuwa wa Dorika. Brayson alilijua hilo.

Siku ya uchaguzi akatangaza kwamba karatasi za kura hazijafika. "Tupange mistari," akasema. "Wangu huku, wa Dorika kule." Tukapiga vigelegele, wajinga sisi! Hata hatujanyanyuka, wazee ambao Brayson hunywa nao pombe ya ulanzi wakaenda kujipanga kwenye mstari wa Dorika. Baba mkwe wangu alikuwa wa kwanza.

Mgeni hataelewa, basi nieleze. Kwetu mkamwana hamkaribii baba mkwe. Ukikutana naye njiani unaingia porini. Huli naye, humgusi, na jina lake hulitamki hata ndotoni. Sasa nikasimame nyuma yake, pumzi yangu shingoni mwake, kijiji kizima kinatazama? Kila mke wa mtu aliangalia ule mstari akamwona mkwewe. Wajane wachache tu ndio walioinuka, na wanaume waliobaki wakajaza mstari wa Brayson. Brayson akahesabu waliosimama, akajitangazia ushindi, wakamwimbia.

Dorika hakulia. Alipeleka malalamiko mjini Njombe, uchaguzi ubatilishwe. Afisa aliyepewa shauri akataka shahidi, mtu aliyezuiwa kupiga kura. Wenzangu wote wakaugua ghafla, huyu mgongo, yule malaria. Dorika akanifuata shambani, akanishika mikono.

"Rebeka, mwanangu, wewe una mdomo. Usiniache."

"Na ndoa yangu, mama?"

"Ndoa yako nitaisimamia mimi. Wakikufukuza, kwangu ni kwenu."

Nikaamini. Mume wangu, Remmy, alinionya jioni ileile: "Ukimfedhehesha baba, usirudi hapa." Nikadhani ni hasira tu, itapoa.

Njombe kulikuwa na baridi ya kukata masikio. Kuingia chumba cha shauri, nani yuko kwenye benchi? Baba mkwe, na koti lake la kanisani, Brayson ubavuni mwake. Nikajifunika kanga kichwani, nikageukia ukuta, nikaanza kusema hivyo hivyo. Afisa akakasirika.

"Mama, ongea na mimi, usiongee na ukuta. Nani alikuzuia?"

"Mzee mmoja."

"Mtaje."

"Ni baba wa mume wangu."

"Jina! Siwezi kuandika mzee mmoja."

Nikamtazama Dorika. Akaniitikia kwa kichwa, sema.

"Hezekia," nikasema.

Mzee aliinuka, akatoka nje bila kunitazama, na Mungu anisamehe, nilimwonea huruma. Brayson hakuinuka. Jina hilo ndilo alilokuwa akilisubiri.

"Huyo mzee alisimama mstari wa nani?" akaniuliza.

"Wa Dorika."

"Alikusukuma? Alikukataza kwa mdomo?"

"Hapana, lakini..."

Nikajaribu kueleza habari za ukwe. Afisa mwenyewe ni Mbena kama sisi, lile jambo analijua, na mkewe huko nyumbani anamkimbia mkwewe vilevile. Akainamia karatasi zake. "Sheria haina mkwe, mama." Akasema mtu ninayemlaumu ni mpiga kura wa mlalamikaji mwenyewe, hakuna aliyezuiwa, matokeo yanabaki. Yakaisha, tukatolewa nje kama kuku.

Nguo zangu nilizikuta nje ya uzio, zimeshindiliwa kwenye gunia. Remmy hakufungua. Nilisikia wanangu wakiita mama, wakiambiwa wanyamaze. Niligonga mpaka vidole vikachubuka.

Nikaenda kwa Dorika. Wakamwana wake walikuwa uani wakimenya viazi, na waliponiona wakakatiza mazungumzo. Dorika akatoka, akasimama katikati ya mlango.

"Mama, nimefukuzwa."

"Nimesikia. Pole."

Hakusogea.

"Si ulisema kwako ni kwetu?"

Akawatazama wakamwana wake, akashusha sauti. "Rebeka, mume wangu yumo ndani, na hawa mabinti wanatazama. Mtu aliyetamka jina la mkwewe mbele ya watu, nimlaze wapi?"

"Lakini wewe ndiye uliyeniitikia kwa kichwa!" Nilipiga kelele, na sioni aibu. "Wewe, Dorika!"

"Nilikuitikia, ndiyo," akasema. "Sikujua kama kweli ungeweza."

Akaniletea sahani ya viazi, akaiweka chini, akaingia na kufunga mlango.